Nilimuambia Shemeji Alie Tena

Wenzangu, nilikosa, na sitafuti mutu wa kunitetea.

Ninachukua filamu za maisha ya nyumbani hapa Goma. Kazi hii ina sharti moja: unakaa kimya na kamera yako, unaangalia, huingilii. Hakuna kuigiza. Nilikuwa najisifu kwa sharti hilo kila mahali!

Nilichagua nyumba ya kaka yangu mukubwa, kule Keshero. Muke wake, Mama Neema, akanipokea vizuri. Akitwanga sombe, yale majani ya muhogo, akiwasha makala ya kupikia, akigombeza watoto, mimi nachukua. Alinizoea mpaka akasahau kamera.

Asubuhi moja nikiwa nabadilisha batri, simu yake ikalia. Ilitoka Rutshuru. Kaka yake, aliyemulea baada ya wazazi wao kufa, amefariki. Mama Neema akaanguka chini, akalia kilio ambacho sijawahi kusikia.

Na mimi? Mungu wangu! Nilikasirikia batri.

Alipotulia kidogo, nikapiga magoti karibu naye. Akadhani ninamupa pole.

"Shemeji, kamera haikuwa imewaka," nikamuambia. "Shika tena simu, ulie kama vile."

Akaniangalia sana. "Sasa hivi?"

"Kidogo tu."

Akashika simu. Machozi hayakutoka. Nikamuambia afikirie uso wa kaka yake. Yakatoka. Nikasogeza kamera karibu. Uchafu gani ule!

Yeye na mume wake walipokwenda kwenye matanga, mimi nilibaki nachagua machozi gani yanapendeza.

Siku ya kuonyesha filamu, ukumbi ulijaa. Watu walilia, halafu wakapiga makofi. Muzee mumoja akasema, "Huu ni ukweli mutupu!" Nami nikatabasamu. Nilitabasamu, jamani!

Mama Neema akasimama. Hakupaza sauti. "Kaka yangu nilikuwa nimeshamulilia. Hapo munaponiona, nilikuwa nafanya kazi ya shemeji."

Kaka yangu akamushika mukono, wakatoka. Nilipowafuata inje, kaka akanigeukia: "Kwangu usikanyage tena."

Nilimutuma mama yetu aniombee musamaha. Alirudi peke yake, na yeye pia hakutaka kuniangalia. Filamu nimeifuta, lakini harufu yake haijanitoka.

Ninyi munaoshika kamera, au hata simu tu: mutu akipata kilio mbele yenu, wekeni chini hicho chombo, mukae naye. Picha ikikupita, iache ipite!