Tone la Jicho la Baba Mkwe

Hebu mwone Tupokigwe anavyoingia uani kwake, mtaa wa Mlandege mjini: kanga kiunoni, mkoba wa vitambaa begani, na ndani ya mkoba vichupa vinagongana. Fundi cherehani huyu hatupi kichupa. Cha dawa ya pua anatilia mafuta ya mashine, maana ukikibinya kinatoa tone moja tu, hakichafui nguo ya mtu. Cha rangi ya kucha anatilia gundi ya kubandikia vifungo.

Lakini kichupa kilichomkosesha raha mwezi ule hakikuwa chake. Kilikuwa cha baba mkwe, mzee Gwakisa, aliyeletwa kutoka Rungwe kutibiwa presha ya macho. Jicho moja lilishakufa. Daktari akasema wazi: dawa isipoingia kila siku, na hili lililobaki litakwenda.

Mwanawe Ezekia, mume wa Tupokigwe, ndiye aliyekuwa akimtilia. Sasa Ezekia, dereva wa lori, akatumwa Mgololo kwa wiki nzima. Mzee akajitilia mwenyewe, mkono unatetemeka, dawa inaishia shavuni.

Na Tupokigwe? Ndugu zangu, kwao Unyakyusa mke wa mtoto hatazamani na baba mkwe. Wengi mjini wameshaacha. Mzee hakuacha, na Tupokigwe kalelewa hivyohivyo. Mzee akipita, yeye hugeukia ukuta. Chakula huweka mezani, huyoo, kaondoka.

"Shoga, heshima gani hiyo ya kumpofusha mtu?" alimkoromea Mwanakhamisi, jirani muuza marashi.

"Wewe mtu wa pwani, huwezi kuelewa."

"Nisielewe nini? Jicho ni jicho! Mwenzio nawatia marashi watu nisiowajua hadi nyuma ya masikio!"

Tupokigwe akacheka, ila cheko halikufika mbali.

Jioni moja akiwa jikoni akamsikia mzee: "Aa, limekosa tena." Kisha akasikia kichupa kinatikiswa. Kilikuwa kinakaribia kwisha. Akajifunika kanga mpaka puani, akaenda kusimama nyuma ya kiti.

"Baba, naomba uegemee nyuma."

Mzee akaegemea, macho kayafumba.

"Sasa fungua, baba."

"Nikifungua nitakuona, mwanangu."

"Utaona kanga tu."

Akafungua. Mkono mmoja ukashika kope, wa pili kichupa, na kanga ikakosa wa kuishika. Ikateleza. Miaka tisa ndani ya familia moja, ndipo wakaonana uso kwa uso. Tupokigwe hakukimbia. Akabinya kama anavyobinya kwenye mashine: tone moja, katikati ya jicho.

"Ndaga," mzee akashukuru kwa sauti ndogo. Mkwewe alikuwa ameshageukia ukuta.

Baadaye Ezekia akapiga simu. "Baba, dawa inaingia?"

"Inaingia," mzee akajibu, kwa sauti ya kusikika mpaka jikoni. "Mkono wangu umeshazoea."

Hebu niambie wewe uliyesikiliza: mzee alikuwa anajisitiri mwenyewe, au alikuwa anamsitiri mkwewe?