Siku Ambazo Mama Hakuruhusiwa Kula

"Hiyo pankreasi iko wapi?"

Aliyeuliza ni Mama mudogo, mdogo wake mama yangu, mchuuzi wa Mokambo, kule mpakani, aliyepanda gari la kwanza mara tu aliposikia kwamba dada yake amelazwa. Aliniuliza mimi kwa kuwa ndiye niliyefika chuo kikuu. Nilijigusa tumbo upande wa kushoto, kisha wa kulia, kisha nikasema daktari atatueleza.

"Unabishana mpaka na mapadri," akasema, "na tumbo yako mwenyewe hauijui."

Ugonjwa ulimwanza mama asubuhi, akipalilia mahindi nyuma ya nyumba yetu kule Annexe, pembezoni mwa mji. Maumivu yalimshika juu ya kitovu yakapenya hadi mgongoni, akatapika mpaka hakubaki na kitu. Hospitalini mjini walimpima damu, wakampiga picha ya tumbo kwa ekografi, na daktari akamuuliza kama anakunywa pombe. Mama, ambaye divai pekee anayoijua ni ile ya misa, tena hiyo padri huinywa peke yake, alimkazia macho mpaka daktari wa watu akaandika "hapana" haraka haraka. Chanzo kilikuwa kijiwe. Kilitoka kwenye mfuko wa nyongo kikaziba njia, na kongosho, kama vitabu vinavyoiita hiyo pankreasi, likaanza kujisaga kwa maji yake lenyewe ya kusagia chakula.

Kuna aina mbili, daktari alituambia. Katika ya kwanza kongosho huvimba, halafu hutulia baada ya siku chache. Katika ya pili sehemu yake hufa, na figo na mapafu yanaweza kufuata. Nikauliza ya mama ni ipi. Akasema tungoje siku mbili tatu, ndizo zitakazosema. Kwa sasa ni serumu, yaani maji ya mshipani, dawa ya maumivu, kupima mkojo, na chochote kisipite mdomoni.

Nilimhoji juu ya kila kitu. Kwa nini serumu nyingi hivyo? Kwa sababu maji yanavuja kutoka kwenye mishipa. Mbona hakuna antibiotiki? Kwa sababu hakuna vijidudu vya kuua. Mbona hamkati leo mkautoa huo mfuko? Akapumua, akasema uvimbe utulie kwanza. Sharti la kutokula tu ndilo ambalo sikulihoji. Lilikuwa na mantiki: kiungo kimechoka, kipumzishwe.

Mama mudogo hakulikubali hata saa moja. Kwetu mgonjwa hutembelewa kwa sufuria. Akina mama wa parokia walikuja na bukari, ndio ugali wetu, sombe ya majani ya muhogo na kuku, nasi tukala uani kama watu wa harusi, mama akiwa ndani amelala na serumu ikimdondokea.

"Muko munamuua na njaa."

"Daktari ndiye amesema."

"Dokta amezaliwa juzi. Mimi njo nilikula na dada yangu mu sahani moja."

Siku ya tatu asubuhi nilitoka farmasi nikamkuta ameinama juu ya kitanda, termosi iko wazi, kijiko cha uji mwepesi wa mahindi kimeshafika kwenye midomo ya mama. Nilikidaka. Mama alikifuata kwa macho.

"Mutoto mubaya," Mama mudogo akasema taratibu. "Muangalie. Muntu wa kufa anaombaka uji?"

Niliumwaga wote kwenye sinki. Nikamwambia, kwa Kifaransa ili niwe mkali zaidi, kwamba kongosho likifa itakuwa juu yake. Alichukua termosi tupu akaenda kuiosha bombani.

Kesho yake daktari alibonyeza tumbo, akasoma majibu ya damu, akatabasamu. Ilikuwa aina ya kwanza. "Mnaona, kule kutokula kumesaidia," akasema, nami nikamtupia Mama mudogo jicho la mshindi. Alikuwa anakunja kitenge. Wiki chache baadaye mfuko wa nyongo ulitolewa na mama akarudi kwenye mahindi yake.

Ilipita miaka kabla sijalichunguza lile sharti nalo. Kumbe kwa aina nyepesi ni desturi ya zamani: siku hizi kutapika kukikoma na njaa ikirudi, mgonjwa anapewa ale, kwa maana utumbo mtupu hudhoofika na kuruhusu vijidudu kupenya. Hata wenye aina kali hulishwa, kwa mpira ikibidi. Nilimpigia Mama mudogo simu Mokambo nikamwomba msamaha kwa ule uji.

Alicheka mpaka simu ikakatika. Alipopiga tena aliniambia kwamba niliumwaga wa pili. Wa kwanza mama alikuwa ameumaliza alfajiri ileile, nilipokwenda kuoga, na ni mama mwenyewe aliyeuomba.