Taa ya Jiwe na Jina la Nyanchama

Ipo siku moja naikumbuka kuliko hata siku ya harusi yangu, mwanangu, nayo ni siku niliyopanda kwenda Ikonge kwa nyanya yangu kuomba nisaidiwe kusahau. Nilikuwa na umri kama wako. Mtoto wangu wa kwanza, Ombati, alikuwa amechukuliwa na homa kabla hajaota jino, tukamzika kando ya nyumba yetu huko Nyakoe. Kila asubuhi nikifungua mlango nililiona lile tuta la udongo. Sikuweza kupika, sikuweza kuimba kanisani, na mume wangu nilimchukia kwa sababu tu yeye aliweza kula.

Nyanya yangu, ambaye sisi wajukuu tulimwita Magokoro, alikuwa na taa. Usicheke, najua ninyi mna taa za simu. Hii ilichongwa kwa jiwe laini la Tabaka. Ilikuwa nzito, ina kifuniko cha kuzungushwa, na mwili wake wote umetobolewa alama ambazo si herufi za lugha yoyote niliyofundishwa. Ukitia makaa ndani yake, katika jiko lisilo na dirisha, alama hizo hutoka zikasimama ukutani, nyekundu. Unachora kwa majivu kile unachotaka kibadilike, kisha unazungusha kifuniko mpaka alama zikae juu ya mchoro wako. Basi kinabadilika. Tena hakibadiliki kuanzia siku hiyo tu, bali kinakuwa ndivyo kilivyokuwa tangu zamani, na watu wote wanakikumbuka hivyo.

Hayo niliyasikia utotoni, mama akinong'onezana na dada zake. Njiani nilijipangia mchoro wangu: nyumba yetu, mlango, na uwanja mtupu usio na tuta. Niliona ni jambo dogo sana kuomba.

Magokoro nilimkuta akichuma chai, kikapu mgongoni. Mwanamke yule hakuwa na maneno ya pole. Alinisikiliza huku mikono ikiendelea kuchuma mpaka akafika mwisho wa mstari, kisha akatua kikapu.

"Kabla sijakupa taa," akasema, "njoo umwone mtu."

Tukateremka hadi chini ya shamba, kwenye migomba, pale tunapopakana na jirani. Jua lilikuwa linaelekea kuzama. Katikati ya migomba yetu, si ya kwao, alikuwepo jirani yetu Kwamboka, mama mzee, anapalilia kipande kidogo ambacho hakikuwa na kitu. Alipomaliza, akaketi chini kando yake, akaweka mikono magotini. Hakulia wala hakuomba. Alikaa tu.

"Magokoro, huyu anatafuta nini kwetu?"

"Hajui. Anakuja kila jioni, na ukimuuliza anakwambia anapumzika."

Kisha akanieleza, na sauti yake ikawa ndogo, yeye ambaye mlima mzima ulizoea kumsikia akiita mbuzi. Enzi za ujana wa Magokoro, mume wa Kwamboka alikuwa akisogeza mpaka. Si kwa kishindo. Kila msimu alikuwa anapanda majani ya ng'ombe hatua moja ndani ya shamba letu, na wazee wakiitwa wanakuja, wanakunywa chai, wanaondoka bila kukata neno. Huku kwetu, mwanangu, shamba limegawanywa hata limekuwa jembamba namna hii, na hatua moja ya udongo inatosha kuwatenga ndugu hadi kaburini. Magokoro akachoka. Akachora shamba ukutani, akachora mpaka anavyoutaka, na kwa hasira aliyokuwa nayo akausogeza kupita ule wa haki. Akatia makaa.

"Kesho yake kila mtu aliniambia mpaka umekuwa pale tangu enzi za babu," alisema. "Nikafurahi. Mpaka nilipomwona Kwamboka amepita hapa na jembe begani, anaimba."

Pale mahali, kabla ya taa kuwashwa, palikuwa na kaburi. La binti wa Kwamboka, Nyanchama, aliyekufa akiwa bado anabebwa mgongoni na mama yake. Mpaka uliposogea, pakawa ni shamba letu tangu zamani. Na kwa kuwa jirani hawezi kuzika mwanawe katika shamba la mwenzake, kaburi halikuwahi kuchimbwa, na kwa taa ile mfu asiye na kaburi hakuwahi kuzaliwa. Watu wakimhesabia Kwamboka watoto wake, yule wanamruka. Baba yake mwenyewe anamruka.

"Ulizungusha tena kifuniko?"

"Nilizungusha. Mpaka ukarudi, na akina Kwamboka wakaanza tena kuusogeza. Lakini hapa udongo ulibaki bapa. Taa inajua ardhi, haijui watu. Basi ule mpaka nikaurudisha tena huku nilikoupeleka, angalau pawe mikononi mwangu, pasije pakalimwa. Nilikwenda kumwambia pia. Nikamwambia, Kwamboka, ulikuwa na mtoto, akafa. Alinitemea mate miguuni. Alidhani nawaapiza watoto wake."

Nilimwangalia yule mama ameketi na kitu alichonyang'anywa hata jina lake.

Magokoro akanirudisha jikoni, akatia makaa katika taa, akaiweka mikononi mwangu. Ukuta wote ukajaa alama. Zilikuwa nzuri, sitakudanganya.

"Chora," akasema. "Lakini ujue mwenye kuwasha hasahau. Mimi sijasahau hata siku moja. Wewe utamkumbuka Ombati vilevile kama leo. Tofauti ni kwamba ukilia, mume wako atakuuliza unalia nini."

Nilishika majivu vidoleni bila kuchora, mpaka makaa yakazima.

Nilirudi Nyakoe. Nikamkuta mume wangu amechuchumaa kando ya tuta, anang'oa magugu kwa mkono. Kumbe kila siku niliyokuwa ndani nikimchukia kwa kula, yeye alikuwa pale. Akasema, "Nilidhani umeniacha na yeye." Nikachuchumaa upande wa pili, tukang'oa pamoja, tukalia pamoja, na nyumba yetu ikasimama.

Nimekueleza kwa sababu najua kwa nini ulikuja juzi kuulizia ile taa. Magokoro aliniachia, iko jikoni kwangu, natia vitunguu humo. Sikukatazi kuishika. Nakuambia tu, mwanangu, msiba wako usiuombe uwe haujatokea. Maumivu hayatatoka kwako, watakaotoka ni wale wa kuumia pamoja nawe. Nenda kaketi na mwenzako aliyefiwa kama wewe, hata kama hujui la kusema.

Na kuna mzigo nataka uupokee. Magokoro alinikabidhi jina la Nyanchama siku ile ili asibaki analijua peke yake, na Kwamboka alizikwa bila kulisikia masikioni mwake. Mimi sasa ni mzee. Ukipita ile migomba ya Ikonge, pale pasipopandwa kitu, litaje.

Mungu akupe watu wa kulia nawe, mwanangu, na jina lako lisikose kinywa cha kulitaja.