Mwanaheri na Nyigu wa Chumba cha Mzazi

Mwanaheri wa Mbweni alikuwa fundi wa kusuka makuti, na alikuwa mwoga wa wadudu kupita mtu yeyote niliyepata kusikia habari zake. Si mwoga wa kawaida, huyu! Kuti likiletwa uani halishiki mpaka alipige chini, aligeuze, alitazame huku na huku, kisha alipige tena. Wenzake wanasuka na kupiga soga, yeye bado anakagua. Wakimtania, "Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka," naye huwajibu, "Chekeni tu. Nyie mna roho za akiba, mie sina."

Na kweli hakuwa nayo. Utotoni mwake, utawala wa Mjerumani ukiwa ukingoni, nyuki alimchoma chini ya sikio akiokota kuni. Mmoja tu! Mwili mzima ukamtoka mapele, macho yakafumba, koo likabana mpaka pumzi ikawa inapita kwa mluzi. Nyumbani walikwisha kuanza kumsomea Yasini. Bibi yake akauchomoa ule mwiba kwa kucha, na mtoto alipozinduka akamwambia waziwazi, "Mjukuu wangu, hii umevuka. Ya pili sidhani." Jamani, maneno gani hayo ya kumwambia mtoto? Lakini ndiyo aliyokua nayo.

Basi hofu ikamsomesha. Kwa wengine kila kirukacho na kuchoma ni mdudu tu. Yeye aliwajua mmoja mmoja. Nyuki akichoma huacha mwiba na kufa, nyigu hauachi, huchoma akarudia. Nyigu hukaa wengi, kibanda chao huning'inia pembeni mwa paa kama kikombe kilichofudikizwa, na ukiwafukiza moshi umeyataka mwenyewe. Dondola yuko peke yake, kiuno uzi, hujenga kwa udongo, na usipomshika hana habari na mtu. Majimoto, wale chungu wekundu wa mkorosho, ni wa kung'ata tu, utajikuna mpaka yaishe.

Mwaka wa pili baada ya vita vya Hitla, binti yake Zuena alirudi kwao kuja kujifungua mimba ya kwanza, kama ilivyo ada. Mwanaheri akasuka makuti mapya ya chumba cha mzazi, mumewe Kondo akaezeka. Ilikuwa imebaki kama miezi miwili ajifungue, siku Zuena, akiwa amejilaza, alipomwonyesha mama yake mdudu mwembamba aliyeingia dirishani akapotelea juu kwenye makuti.

"Mama, yule si nyigu?"

Mwanaheri alisimama mlangoni, akamvizia mpaka akatokeza tena. Kiuno uzi. Yuko peke yake.

"Dondola huyo," akasema. "Mpole. Mwache."

Hapo ndipo alipokosea. Nyigu naye huanza peke yake, jike mmoja, kabla hajazaa wa kumsaidia kazi. Mwanaheri hakulijua hilo, na angelijuaje? Miaka yote akiona mdudu wa aina hiyo, huyoo, mwenyewe keshakimbilia kwa jirani.

Mtoto akazaliwa, mwanamume, salama salimini. Mwanaheri akapiga vigelegele mpaka sauti ikakauka. "Mume wangu kaja! Kondo, tafuta pa kulala!" Arobaini ikaanza: mzazi ndani, uji wa pilipili manga, na kila siku fukizo la ubani.

Alasiri moja, Kondo akiwa msikitini, Zuena aliweka chetezo pembeni mwa chumba, si chini ya kitanda kama siku zote, akamwacha mtoto kitandani, akatoka kwenda chooni. Moshi wote ukapanda juu kwenye makuti. Mwanaheri alikuwa uani anasuka. Akasikia mvumo. Kuti likamdondoka mkononi, maana mvumo ule aliujua, wala haukuwa wa dondola.

Kisha mtoto akalia.

Zuena alikuja mbio, akafika mlangoni, nyigu wakampokea usoni. Akapiga ukelele, akarudi nyuma, akataka kuingia tena. Mzazi hata damu haijamkauka! Mwanaheri akamvuta kwa nguo, akamsukumia nyuma, akabaki yeye na mlango.

Miguu ilikataa. Nawaambieni ilikataa kabisa, ikawa kama si yake. Aliogopa hata haja ndogo ikamponyoka. Mle ndani mlikuwa na kifo alichokikimbia tangu utotoni, na yeye ndiye aliyesema kiachwe. Akajifunika kanga, akatoa shahada kama mtu anayekata roho, akaingia.

Hakuona kitu kwa moshi. Akafuata kilio, akamwinamia mtoto, akamfungia ndani ya kanga, na hapo kichwa na mgongo vikabaki wazi. Wakamchoma shingoni, begani, utosini. Akatoka naye mbio mpaka jikoni uani, Zuena nyuma yake, wakafunga mlango.

Wakamfunua mtoto. Kisigino kimoja kilikuwa chekundu, kimevimba.

"Kachomwa," Mwanaheri akasema. Mtoto yule ni damu yake. Kama amerithi ile dhiki ya koo, je?

Mtoto analia kwa mayowe. Zuena akatoa ziwa.

"Usimnyonyeshe!"

"Mama, anaumia!"

"Anayelia koo lake liko wazi. Mwache alie, mwanangu. Mwache."

Majirani wakaja, huyu anataka kumbembeleza, yule anataka kumpakaza mafuta. Mwanaheri akawafukuza wote kwa matusi ambayo hawakujua kuwa anayajua. Zuena naye analia, maziwa yanamlowesha kanga, na mama yake amekodolea macho shingo ya mtoto. Walikaa hivyo mpaka sauti ya mtoto ikaanza kupungua. Ikawa kwikwi. Ikanyamaza.

Mwanaheri akaweka shavu lake kwenye pua ya mtoto. Akangoja. Pumzi ikaja, ya moto, nyepesi, haina mluzi. Ikaja tena.

"Mnyonyeshe sasa," akasema.

Kondo aliporudi akawakuta palepale jikoni, mtoto ananyonya. Akamtazama mkewe, uso umeumuka kama andazi, jicho moja halionekani.

"Mama Zuena! Wamekuchoma! Koo lako je?"

Mwanaheri akajishika shingo. Akavuta pumzi, ikaingia. Akaitoa, akavuta nyingine.

"Nilisahau, Baba Zuena," akasema. "Wallahi, nilisahau kabisa."

Akakaa chini sakafuni, na ndipo alipoanza kulia.