Kuonja Nako ni Kula

Jumanne, 14 Mei 2024. Ukungu tangu alfajiri, manyunyu hadi saa nne.

Prisca, mfugaji wa mbuzi wa maziwa huku Mgeta, alikwenda kliniki na mimba ya miezi sita. Mtoto wake wa kwanza alizaliwa hana uhai, mimba ikiwa ya miezi saba, baada ya Prisca kuugua homa siku tatu. Sababu haikujulikana.

Safari hii muuguzi Sabra alikuwa amemkataza jibini laini ya maziwa mabichi, ile ile anayoitengeneza Prisca na kuiuza. Huweza kuwa na vijidudu vinavyomdhuru mtoto tumboni, hata mama asipoumwa sana.

"Jibini umeacha?"

"Nimeacha, dada. Sili. Naonja tu, mteja akija."

Sabra akaweka kalamu chini.

Kwetu milimani, anayempa mtu chakula au pombe hutangulia kuonja, kumwondolea wasiwasi wa sumu. Kwa Prisca huko hakukuwa kula. Kulikuwa adabu.

"Kilichopita kooni umekula," alisema Sabra. "Maziwa chemsha kwanza, ndipo ugandishe, kwa vyombo safi. Na homa ikikupata, hata ndogo, usingoje kesho."

Saa nane mzee Kondo, mteja wa Prisca wa kila Jumanne, alifika nyumbani kwake kuchukua jibini.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba, mke wangu. Haya, onja nione."

"Leo sionji."

Mzee akacheka. "Ehee! Umetia dawa gani humo? Umechoka kuniona?"

Prisca hakucheka. Alitazama nyuma ya nyumba, kwenye kaburi dogo lililozungushiwa mawe.

"Sitaki la pili, babu. Kliniki wanasema jibini ya maziwa mabichi humdhuru mtoto."

Mzee Kondo aliyajua mawe yale. Mawili aliyabeba yeye. Alivua kofia, akaiacha jibini mezani.

"Ya kuchemshwa utaonja?"

"Hiyo nitaonja."

"Basi nitarudi Jumanne."

Jioni jibini ile ikapelekwa kwa nguruwe.

Asubuhi yake Prisca alikamua mbuzi wawili, akachemsha maziwa mpaka yakafura mara tatu. Akakamulia ndimu, akachuja kwa kitambaa alichokwisha kukichemsha. Akamega kipande kikiwa bado cha moto, akasimama nacho mlangoni, upande wa mawe. Kisha akala.