Chakula cha Wapangaji

Nakumbuka siku moja, mdogo wangu, siku niliyompikia Bibi viazi pale Zinga. Babu alikuwa amefariki, Bibi anakaa eda, na chakula hakimpiti kooni. Mimi nilikuwa nimemaliza chuo, kazi sina, nikabaki kumtunza. Unanijua nilivyo na wasiwasi; niliogopa naye ataondoka kwa njaa.

Shangazi alikuwa ametuletea maikrowevu. Nikaosha viazi mviringo viwili vikubwa, nikavitoboa kwa uma visipasuke humo ndani. Nikavitoboa tena, maana sikujiamini. Vilipoiva nikavikata juu, nikachota nyama ya ndani ya kiazi, nikaiponda na siagi, samaki wa kuchambua na ndimu, kisha nikaijaza tena kwenye maganda na kuvirudisha vipate moto.

"Hiki nini? Kiazi kimevaa koti?" Bibi aliuliza.

Nilifurahi. Hakuwa ametania tangu msiba. Akala kidogo, mimi nimesimama pembeni ya mkeka.

"Chumvi imekolea, Bibi? Hakijakuunguza? Ongeza kidogo."

Akaweka kijiko chini. "Cha kwako kiko wapi?"

"Kipo jikoni. Nitakula baadaye."

"Baadaye! Nyote ndivyo msemavyo. Shangazi yako analeta uji, anasimama mlangoni. Majirani wanaleta wali, wananitazama mdomo. Babu yako hakuwahi kunitazama nikila, mjukuu wangu. Alikuwa anakula na mimi, tena ananiibia samaki."

Nilikuwa nimewaza chumvi, moto na dakika. Hilo sikuliwaza.

Nikaleta changu. Bibi akavikomba vyote viwili kwenye sahani moja, maganda akayasukuma kando. "Kile kilikuwa chakula cha wapangaji," alisema, "kila mtu na chumba chake."

Tukanawa, tukala kwa mkono. Nikanyoosha vidole hadi upande wake, nikamwibia kipande cha samaki. Bibi akacheka, kisha akalia, analia huku anatafuna. Nilitaka sana kumuuliza kama nimemkosea. Sikuuliza. Niliendelea kula, naye akaendelea, mpaka sahani ikaisha.

Basi, mdogo wangu, ukimpelekea mfiwa chakula, nenda na njaa yako pia. Usimsimamie ukamhesabia matonge. Kaa chini, nawa, ule naye. Na akilia mwache alie, ila mkono wako usiutoe sahanini.

Mungu aibariki mikono yako, na siku msiba utakapobisha kwako, asikunyime wa kula naye.