Sahani Tuliyoiona Hamari

Juzi jirani yangu alipaka nyumba yake chokaa. Nilikuwa nimekaa barazani napepeta mchele, harufu ile ikanijia, ya chokaa mbichi iliyotiwa maji, kali kidogo, inayokwaruza koo. Ungo ukaniponyoka. Wajukuu wakacheka, "Bibi kazeeka!" Nikawaacha wacheke. Hawajui kwamba kwangu mimi harufu ile ni kaburi, na ni mji wa Hamari, na ni Mjomba Shee, vyote kwa pamoja, na hakuna hata kimoja ninachokikumbuka kwa raha. Basi nawaambieni nyinyi, maana wao sijapata uso wa kuwaambia.

Sisi tulikuwa watu wa Chovai, kisiwa cha wavuvi na mafundi wa mashua, kusini ya Kismayu, siku zile Mtaliana akiwa ndiye mwenye amri. Nyuma ya kijiji, ndani ya vichaka, palikuwa na makaburi ya wazee wetu wa kale. Moja lilikuwa na mnara, na kwenye mnara huo, imeshindiliwa ndani ya chokaa, ilikuwamo sahani ya Kichina ya rangi ya kijani, yenye samaki wawili wanaofukuzana. Ukingoni ilikuwa na pengo dogo, kidole changu cha shahada kikiingia sawasawa. Aliyelala pale alikuwa babu wa babu zake mama yangu.

Kila mwaka baada ya Maulidi, Mjomba Shee, ndugu wa pekee wa mama, alikwenda kulipaka kaburi lile chokaa, nami nikimfuata na ndoo ya maji. Alikuwa fundi wa mashua, mrefu, mwenye mizaha, akinitishia eti ataniozesha kwa papa nisipokaza mwendo. Mama alikuwa na msemo wake, "Mla nawe hafi nawe ila mzaliwa nawe," na kila akiusema alikuwa akimtazama Shee.

Nilipokuwa na miaka minane hivi, akaja Mtaliana wa kupima ramani. Alikaa kisiwani siku tatu, yeye na askari wake Msomali. Siku ya tatu nilikuwa naokota kuni, askari akaniita, "Naa, gabar," yaani we msichana, "njoo!" Akaniuliza kwa Kisomali, lugha tuliyoijua sote, kama kwetu kuna vitu vya kale, majengo, makaburi. Mtaliana akafungua mkebe. Ndani mkawa na biskuti.

Wenzangu, nisiwadanganye kwamba nilishurutishwa. Niliwatangulia vichakani mbio mbio. Yule bwana alilizunguka kaburi mara mbili, akatoa patasi ndogo, akaibandua sahani taratibu, akaifunga kwenye kitambaa. Mimi nilikaa kando nikila biskuti. Nilijua anachukua kisicho chake. Mtoto wa miaka minane anajua. Lakini biskuti zilikuwa tamu, na yule alikuwa mzungu, na akilini mwangu mzungu akichukua kitu haukuwa wizi, ilikuwa ni serikali. Adhuhuri wakaondoka zao. Nilirudi nyumbani na kuni zangu, mama akanipangusa uso kwa ncha ya leso, akanituma maji.

Zilipita wiki mbili kabla Mjomba Shee hajaliona shimo tupu kwenye mnara. Alirudi kijijini akilia kama aliyefiwa. Na yeye mwenyewe, si mtu mwingine, ndiye aliyesimama mbele ya msikiti akasema, "Isomwe Halbadiri! Aliyeichukua imshike, awe nani awe nani!"

Kama hamjui, Halbadiri ni kisomo kizito. Mtu akiibiwa husomwa, na watu huamini kwamba humwandama mwenye kosa popote alipo, kikamtia maradhi au mauti. Wanaume walikusanyika baada ya alasiri, ubani ukafuka hadi nyumba yetu, nami nikajibanza chini ya kitanda cha mama. Tangu siku hiyo nikawa nangoja. Jino likiniuma, nasema hiyo imekuja. Tumbo likiniuma, ndiyo hiyo. Nilikonda mpaka mama akanichemshia majani ya mwarobaini.

Siku ya tisa, Mjomba Shee alichomwa mkono na mwiba wa samaki taa. Ni jambo linalowapata wavuvi kila msimu, lakini mkono wake ulivimba hadi kiwikoni, na hospitalini Kismayu wakamkata vidole viwili. Kisiwa kizima kikasema, imemshika; Mtaliana hakuna aliyemwaza, maana hakuna aliyejua kwamba alifikishwa makaburini. Nani alikuwa wa mwisho kuligusa kaburi? Nani ana patasi? Na mbona ndiye aliyekazania kisomo, kama si kujisafisha? "Mchu kajilaani kwa mdomo wake mwenyewe," walisema kisimani, na mchu kwetu ndiye mtu.

Na mimi nilifurahi. Lazima niliseme hilo kama lilivyokuwa. Nilitoka chini ya kitanda nikala wali na samaki nikashiba, usiku nikalala fofofo, kwa sababu kisomo kilikuwa kimeniruka.

Wazee wa mkewe wakaja kumchukua binti yao. Hakupewa tena mashua ya kutengeneza, na hata vidole alikuwa hana vya kushikia tezo. Hakuna aliyekula naye sinia moja. Mwisho akahamia Burgao, akawa anashona nyavu za watu kwa mkono mmoja na nusu.

Mwaka uliofuata baba alituita tukamtembelee Hamari, ndiyo Mogadishu, ambako alikuwa akifanya kazi kwenye matishari ya kupakulia meli. Tulikwenda Kismayu kungoja meli, na pale gatini tukamkuta Mjomba Shee. Alikuwa amekuja kutoka Burgao kutuaga. Alimvuta mama pembeni, lakini si mbali kiasi cha mimi kutosikia.

"Dada," alisema, "ile sahani haikuliwa na samaki. Ipo mahali. Vitu kama vile huuzwa miji mikubwa. Nitafutie. Ukiiona, hata kwa mbali, rudi uwaambie watu kwa kinywa chako kuwa umeiona na si mimi niliyeiuza. Wewe watakuamini."

Mama aliushika ule mkono wa vidole vitatu. "Nitatafuta, Shee. Wallahi nitatafuta."

Hamari ilituumiza macho. Mji mzima ulikuwa mweupe, kuta kwa kuta, na pua yangu ikajaa chokaa. Baba alivaa kanzu yake ya Ijumaa akatutembeza kama aliyeujenga yeye. Kila Mtaliana tuliyekutana naye alimwamkia "Bonjorno!" kwa sauti kubwa, na wengi hawakumwitikia, naye akatuambia hao wana haraka. Alituonyesha mnara wa taa, akadai mwanga wake unafika Chovai, mama akamwuliza mbona hatujawahi kuuona. Alituonyesha tao kubwa la mawe lililojengwa kwa heshima ya mwana wa mfalme wao. Mama alipita chini yake, akageuka, akalipita tena.

"Mlango usio na nyumba," alisema. "Sasa hodi hapa anaitikia nani?"

"Mwenye macho haambiwi tazama," baba akamjibu, amenuna kidogo. Akatupeleka kwenye kanisa lao. Mama alihesabu minara, miwili, mirefu ajabu, akasikitika kwamba hata mmoja hautoi adhana. Mimi nilicheka siku ile, jamani. Ndicho kicheko cha mwisho ninachokikumbuka cha safari ile.

Huko kote mama alikuwa na kazi yake. Kila duka la vyombo alisimama, akainama, akachungulia rafu hadi ya chini. Baba alidhani anataka sufuria. Mimi nilijua anatafuta nini, na kila alipoinuka mikono mitupu, roho yangu ilitua.

Kisha baba akasema amebakiza kitu kimoja cha kutuonyesha, nyumba wanayoweka vitu vya kale, na kwamba bawabu wake ni rafiki yake. Ndani mlikuwa na baridi na kimya. Kulikuwa na ngao, viti vya enzi, ngoma zisizopigwa, na vyote vilikuwa nyuma ya vioo. Nilianza kuogopa kabla ya kuona kitu. Katika chumba cha pili mama alisimama ghafla, nami nikagonga mgongo wake.

Samaki wawili walikuwa wakifukuzana palepale. Pengo lilikuwa ukingoni. Vipande vya chokaa yetu vilikuwa bado vimeng'ang'ania upande wa nyuma, hakuna aliyejisumbua kuvikwangua.

Mama aliweka kiganja juu ya kioo. "Baba Esha," alisema polepole, "hapa pameandikwa nini?"

Baba alijua herufi kidogo, alizozipata kazini. Aliinama juu ya kikaratasi, akasoma akigugumia. "Chovai," akasema. Akatazama huku na huku. "Na jina la bwana mmoja, mpima ramani. Inasema ni zawadi aliyoitoa yeye."

"Zawadi," mama akasema. "Nani alimpa?"

"Mama Esha, tafadhali. Nina mkate wa mtu mkononi. Ukipiga kelele humu, kesho sina kazi."

Mama hakupiga kelele. Alifanya jambo moja tu, aligeuka akanitazama. Hakuwa na hasira usoni. Alinitazama muda mrefu, kama anayenipima nguo, nami nikatazama miguu yangu. Ulimi nilikuwa nao. Ningeweza kusema, "Mama, ni mimi niliyewaonyesha." Maneno machache tu, na mjomba wangu angerudi Chovai akiwa mtu. Sikusema.

"Twendeni," mama alisema, akijifunga buibui. "Jua linapanda."

Nje baba alitununulia barafu tamu ya Kitaliana, kwa kuwa alihisi siku imeharibika na hakujua ameiharibuje. Mama alimpa ombaomba yake. Mimi yangu niliila yote.

Tuliporudi, Mjomba Shee alikuwa gatini Kismayu, pale pale tulipomwacha, amevaa shati safi. Nadhani alilivaa akitarajia kupanda nasi mashua ya Chovai. Aliwaacha abiria wote wateremke kwanza, ndipo akasogea.

"Enhe, dada?"

"Nimezunguka mji mzima," mama akamwambia, akimtazama machoni. "Nimeona mnara wa taa, nimeona tao, nimeona kanisa. Sahani sikuiona, Shee."

Mjomba alitikisa kichwa mara kadhaa, akasema Mungu akulipe kwa taabu yako, akaniuliza mimi kama Hamari kuna papa wa kunioa. Kisha akaondoka kuelekea barabara ya Burgao. Huko ndiko alikokufa, miaka minne baadaye, na waliomzika walikuwa watu aliowashonea nyavu. Chovai hawakumsomea hata hitima.

Mimi niliishi nikimchukia mama kwa uongo ule, kuliko nilivyojichukia mwenyewe. Nilisema moyoni, mimi nilikuwa mtoto, yeye alikuwa dada. Nilidhani alimwogopa Mtaliana, au alitetea kazi ya baba. Nilimhukumu miaka mingi, nikiwa nimeolewa, nikiwa na watoto wangu, nikimpelekea uji katika maradhi yake ya mwisho. Ni katika maradhi hayo ndipo nilipoifungua roho. Nilimweleza yote, askari, mkebe, patasi. Nililia kwa kwikwi, mwanamke mzima.

Mama aliningoja nimalize. Akasema, "Nilijua, mwanangu."

"Tangu lini?"

"Siku ile uliporudi na kuni, nilikupangusa chenga mdomoni. Chovai hapakuwa na duka la biskuti. Nilidhani wamekupa tu, kama wapewavyo watoto. Hamari, niliposikia ni yule bwana wa ramani, ndipo nilipojua amezinunulia nini."

"Basi kwa nini hukusema? Mjomba angesafishika!"

Alinitazama vilevile kama siku ile mbele ya kioo. "Esha, kisomo kilikuwa kimeshampata mchu wake. Kilikuwa kimetulia. Ningemtoa Shee, kingeanza kutafuta tena, na mimi nilijua kitakapofika."

Hakulia. Nadhani alikuwa amemaliza kulia zamani, mahali nisipopaona. Mwanamke aliyenifundisha kwamba hakuna amzidiye mzaliwa nawe alisimama kwenye gati akamtazama mzaliwa mwenziwe machoni, akamtupa, ili mimi niishi.

Siku hizi vijana wananiambia Halbadiri haimfuati mtoto, na wengine wananiambia haimfuati mtu yeyote. Huenda. Lakini hakuna hata mmoja wa kumrudishia Shee mke wake na kazi yake. Nimejiuliza mara nyingi, ningekuwa mimi pale gatini, mwanangu amenishika buibui na ndugu yangu amesimama mbele yangu na shati lake safi, ningesema nini? Najua ningesema nini. Ningesema sikuiona.